Upeo wa Kiumbe

Jumamosi moja ya mwezi wa Novemba nilisimama kwa muda wa nusu saa chini ya mti usio na majani, katika bustani ya mji mmoja wa kaskazini mwa Uingereza, nikimsubiri mpwa wangu amalize vita. Vita vyenyewe vilikuwa ndani ya simu. Yeye na watu wengine wanane hivi, baadhi yao wenye mvi nyingi kuliko mimi, walikuwa wameizunguka sanamu ya diwani wa zamani huku mvua ikiwanyea, wakigonga vioo vya simu kwa vidole vilivyokufa ganzi, ili kumshinda kiumbe aitwaye Mewtwo katika mchezo wa Pokémon GO. Wakamshinda. Kisha kila mmoja akapewa nafasi ya kumnasa Mewtwo wake. Hata kabla hajarusha mpira wa kwanza, mpwa wangu aliitazama namba iliyotokea juu ya kichwa cha yule kiumbe, akasonya.

"2294," alisema. "Mjomba, huyu takataka."

Akamnasa hata hivyo. Tulipokwisha kupanda basi akamfungua tena, akabonyeza mahali pawili, na kiumbe akatoweka. Katika lugha ya mchezo huo hilo huitwa kumhamishia kwa Profesa Willow, naye profesa hutoa peremende moja kuwa shukrani. Hakuna njia ya kumrudisha aliyehamishwa. Wachezaji wana mzaha wao wa siku nyingi kuhusu peremende hizo na zinakotengenezewa, mzaha ambao sitaurudia hapa.

Nilimuuliza mtoto ule utakataka ameuona wapi, maana machoni pangu kiumbe alikuwa mzima, mkubwa, mwenye macho ya kutisha, na tulikuwa tumelowa hadi mifupani kwa ajili yake. Akanieleza kwa uvumilivu wa mtu anayezungumza na mzee. Mewtwo aliyenaswa katika vita vya namna ile, ikiwa hali ya hewa haikumwongezea kitu, huonyesha namba isiyozidi 2387 na isiyopungua 2294. Kwa hiyo wake alikuwa wa mwisho kabisa, asiye na wa chini yake. "Hata ukimlea vipi," alisema, "hatafika." Kitenzi hicho, kufika, ndicho kilichonifanya niandike insha hii.

Mimi ni mwalimu wa hisabati, na mwalimu wa hisabati akisikia kwamba kuna upeo uliokokotolewa hawezi kulala bila kuuona umekokotolewaje. Kanuni yenyewe si siri. Wachezaji waliigundua mapema, mchezo ulipotoka mwaka 2016, kwa kukusanya namba na kuzilinganisha kama wanafalaki. Kila kiumbe ana sifa tatu: shambulio, ulinzi na ustahimilivu. Chukua shambulio, uzidishe kwa kipeuo cha pili cha ulinzi, uzidishe tena kwa kipeuo cha pili cha ustahimilivu, kisha uzidishe kwa mraba wa kizidishi cha ngazi aliyofikia kiumbe, ugawanye kwa 10, uache desimali. Kinachobaki ndicho nguvu yake ya mapambano, namba ile iliyoelea juu ya kichwa chake.

Sifa hizo tatu nazo kila moja ina sehemu mbili. Sehemu kubwa ni ya jamii: kila Mewtwo, awe wa nani, ana 300 za shambulio, 182 za ulinzi na 214 za ustahimilivu. Sehemu ndogo ni yake peke yake, nayo ni namba kati ya 0 na 15 anayopewa kwa bahati nasibu katika kila sifa wakati anapotokea. Kwa miaka mingi haikulimwa, haikununuliwa, wala mazoezi hayakuiongeza. Nimezoea kuziita alama za kuzaliwa, nikijua kwamba kwetu jina hilo ni la baka la ngozini ambalo mama hulitumia kumtambua mtoto aliyepotea. Hapa kazi yake ni kinyume: zinatumika kuamua ni nani wa kupotezwa.

Namba za kuzaliwa zikiwa 16 katika kila sifa, miongoni mwa viumbe wanaokutwa porini kuna michanganyiko 4096, na mmoja tu ndio huitwa mkamilifu, yaani 15 mara tatu. Katika vita vya pamoja kama vile vya bustanini namba hazishuki chini ya 10, kwa hiyo michanganyiko ni 216. Mpwa wangu alipata 10, 10, 10. Usiku ule nikakaa na karatasi. Katika ngazi ya 40, ambako kizidishi ni 0.7903, Mewtwo mkamilifu hufikia 4178. Yule aliyepewa peremende moja badala yake angefikia 4015. Tofauti ni 163, chini ya asilimia 4. Nikaendelea, kwa kuwa nilikwisha kuingiwa na ukaidi, nikamkokotoa Mewtwo ambaye mchezo haungeweza hata kumtoa katika vita vile, aliyepewa sifuri katika kila kitu. Angefika 3697. Huyo asiyejaaliwa chochote angekuwa na zaidi ya asilimia 88 ya nguvu za aliyejaaliwa vyote. Sehemu kubwa ya nguvu ni ya ukoo mzima, na iliyobaki ni ya malezi. Kizidishi kile cha ngazi, ambacho huanza na 0.094 kiumbe akiwa mchanga kabisa, ndicho kinachompandisha kutoka makumi hadi maelfu. Alama za kuzaliwa hutikisa tu sehemu ya mwisho, na hiyo ndiyo tunayoitazama kwanza.

Asubuhi nilimpelekea mpwa wangu hesabu hiyo. "Lakini Mjomba," alisema, "asilimia 4 ni asilimia 4." Sikuwa na jibu. Katika mashindano ambamo wote wengine wameleta wakamilifu, asilimia 4 kweli ni asilimia 4.

Ni vyema tulitazame neno lenyewe. Kiswahili hutumia upeo kwa ukomo wa juu wa kitu, na pia kwa ule mstari ambao mbingu na bahari hukutana, upeo wa macho. Nahodha yeyote atakuambia kwamba mstari huo haufikiwi. Haumo baharini; umo katika urefu wa jicho la anayetazama, na akipanda mlingotini husogea mbali. Nduguye, kipeo, ni kilele, na wanahisabati wetu wamelichukua kwa ile namba ndogo inayoandikwa juu ya namba nyingine. Nadhani lugha inajua hapa jambo ambalo sisi tunaolitumia neno hilo ofisini tunalisahau: kwamba kuna upeo ambao ni wa kitu na kuna upeo ambao ni wa mtazamaji, na kwamba ni vigumu, ukiwa umesimama mahali pamoja, kuutenga mmoja na mwingine.

Mchezo wenyewe umetoa ushahidi bila kukusudia. Kwa miaka minne ngazi ya 40 ilikuwa mwisho wa dunia. Watu walimaliza, wakakunja mikono. Kisha mwishoni mwa Novemba 2020 waliouunda wakapandisha dari hadi ngazi ya 50, na Mewtwo yule yule mkamilifu ambaye upeo wake ulikuwa 4178 akawa na upeo wa 4724. Hakuna kilichobadilika ndani yake. Yeyote aliyesema siku moja kabla, "huyu amefika," alikuwa amesema kweli kuhusu kampuni, si kuhusu kiumbe.

Namba hiyo ina kasoro nyingine, nayo ni kwamba haijui kinachofanywa na nguvu inayoipima. Kwa muda mrefu mojawapo ya namba kubwa kabisa katika mchezo ilikuwa ya Slaking, dubwana linalofanana na sokwe aliyelala ubavu. Katika ngazi ya 40 Slaking mkamilifu hufika 4431, zaidi ya Mewtwo. Mgeni akiitazama orodha atadhani huyu ndiye mfalme. Lakini shambulio la haraka ambalo Slaking alijulikana nalo miaka yote hiyo ni kupiga miayo, na miayo hiyo nguvu yake ni sifuri. Hupiga miayo mbele ya adui hadi apate nguvu za kurusha pigo moja zito, kisha hurudia miayo. Walioubuni ukoo huu katika michezo ya zamani walimpa sifa kubwa kwa makusudi kwa sababu walimpa pia uvivu: zamu moja hupigana, zamu moja hupumzika. Kanuni ya nguvu ya mapambano iliziona sifa, uvivu haikuuona. Nina wanafunzi wa aina hiyo pia, lakini hilo ni jambo jingine.

Kuna jambo lililonishangaza zaidi, ambalo mpwa wangu alinifundisha baada ya kuona kwamba sasa nina hamu. Mchezo una mashindano ambayo kiumbe haruhusiwi kuzidi nguvu 1500. Mtu angedhani kwamba hata huko mkamilifu atakuwa mkamilifu. Sivyo. Kumbuka kwamba kanuni inalihesabu shambulio zima zima, ilhali ulinzi na ustahimilivu inavipitisha kwanza katika kipeuo cha pili. Kwa maneno mengine, shambulio linauzwa ghali. Aliyezaliwa na shambulio kubwa huifikia 1500 mapema, akafungiwa mlango. Aliyezaliwa na shambulio dogo huendelea kulelewa ngazi baada ya ngazi, akijaza ulinzi na uhai, kabla ya kugonga dari ile ile. Azumarill, sungura wa majini wa rangi ya buluu, ni mfano mzuri. Mkamilifu wake husimama katika ngazi ya 36 akiwa na nguvu 1497 na uhai wa 184. Mwenzake aliyezaliwa na shambulio sifuri, lakini ulinzi na ustahimilivu kumi na tano, hupanda hadi ngazi ya 45 na nusu, nguvu 1499, uhai wa 196. Katika uwanja huo wa pili ndiye bora, na mwenye kumiliki mkamilifu humtazama kwa wivu. Simu nayo, ukiiomba imkadirie, humpa nyota 2 kati ya nyota zake.

Nyota hizo zina kisa kidogo. Makadirio yalipoanza mwaka 2016 yalitolewa kwa maneno ya mafumbo: kiongozi wa kikundi chako alikuambia kwamba kiumbe wako anamstaajabisha, au kwamba huenda asifanye makubwa vitani, na ilikubidi umfasiri kama anavyofasiriwa mganga. Mwaka 2019 maneno yalipunguzwa, zikaja paa tatu za kupimia pamoja na nyota. Sisi tuliokulia pwani hatuhitaji kuelezwa maana ya mtu kupigiwa nyota akiwa mchanga na kisha kutendewa maisha yake yote kulingana na jibu. Tofauti ni kwamba mpiga falaki alikuwa na haya ya kusema Mungu ndiye ajuaye.

Swali lililo chini ya haya yote ni la kale. Aristotle, katika kitabu cha tisa cha Metafizikia, alibishana na wanafalsafa wa Megara waliosema kwamba kitu kina uwezo pale tu kinapotenda: mjenzi asiyejenga kwa sasa hana uwezo wa kujenga. Aristotle aliona upuuzi wa dai hilo. Mjenzi akienda kulala haupotezi ujenzi wake, na mwenye kufumba macho hawi kipofu mara kumi kwa siku. Lazima basi uwepo uwezo uliotulia, usioonekana, ambao si kitu tupu. Mimi niko upande wa Aristotle, na yeyote anayefundisha hana budi kuwa upande huo. Vinginevyo hatuna sababu ya kuingia darasani. Lakini mara tu unapokubali kwamba uwezo upo kabla ya tendo, mtu atakujia na rula akitaka kuupima kabla ya tendo. Na uwezo uliopimwa kabla ya tendo una hatari ambayo Wamegara hawakuwa nayo, kwa sababu Mmegara, kwa ukaidi wake wote, hamwambii mtu kwamba hatajenga kesho.

Katika mchezo hatari hiyo haina maana. Mewtwo hajui namba yake. Hahuzuniki bustanini, haachi kujaribu, wala hasikii kusonya. Upeo wake ni wa kweli kwa sababu hauathiriwi na kutangazwa. Nimelifikiria sharti hilo mara nyingi tangu siku ile ya basi, nami naamini ndilo linalotenganisha hesabu halali na hesabu ya dhuluma: je, anayehesabiwa anaweza kuisikia namba, na je, walio karibu naye wataisikia wakaanza kumtendea kama namba hiyo?

Shuleni kwangu, kama katika shule nyingi za sekondari za Uingereza, kuna jedwali, na katika jedwali kuna safu ya alama lengwa. Mtoto hufanya mitihani akiwa na miaka 11. Kutokana na alama zake hukokotolewa kile ambacho watoto waliokuwa na alama kama zake huko nyuma walipata wakiwa na miaka 16. Na namba hiyo, kati ya 1 na 9, huandikwa mbele ya jina lake. Hatuiiti upeo. Tunaiita lengo, na katika mikutano tunasisitiza kwamba ni ya kumtia moyo. Mwezi Agosti 2020, mitihani ilipofutwa kwa ajili ya korona na kanuni ya ukokotozi ikakadiria alama za wanafunzi wa miaka 18 kwa kutazama pia matokeo ya zamani ya shule zao, karibu asilimia 40 ya alama za England zilitoka chini ya zile walizokadiria walimu. Vijana waliandamana, na katika siku nne kanuni ikaondolewa. Nilifurahi sana. Nilimpigia dada yangu simu nikamwambia kwamba hatimaye nchi imeelewa. Septemba nikafungua jedwali langu, nikaanza kazi.

Miaka michache baadaye alikuja darasani kwangu msichana aliyewasili kutoka Mombasa akiwa na miaka 14. Kwa kuwa hakufanya mitihani ya hapa akiwa na miaka 11, safu yake ilikuwa tupu. Ofisi inayoshughulikia takwimu haipendi kisanduku kitupu. Nikampa karatasi ya majaribio katika wiki yake ya kwanza, karatasi ya kawaida, yenye maswali marefu ya Kiingereza kuhusu mazulia ya sebuleni na nauli za treni na mtu anayepaka ua rangi. Alijibu chini ya nusu. Ningeweza kukaa naye robo saa wakati wa chakula cha mchana, nikamuuliza maswali yale yale kwa lugha ambayo sote wawili tulinyonya. Sikufanya hivyo. Nilijiambia kwamba si haki kwa wengine, kwamba mtihani halisi utakuwa wa Kiingereza, kwamba nina makundi matano. Nikaandika 4.

Aliiona, kwa sababu sera ya shule ni kwamba kila mtoto abandike lengo lake kwenye jalada la daftari. Alingoja wenzake watoke, akaja mezani.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba."

"Hii nne ndiyo yangu?"

"Ndiyo," nikasema. "Kwa sasa."

Akaitikia vizuri, kama alivyofunzwa nyumbani, akaenda. Hilo "kwa sasa" sikulirejea tena.

Msomaji asiyejua mfumo huu inampasa aelezwe jambo moja. Mtihani wa hisabati wa GCSE una karatasi za aina mbili. Karatasi ya juu inaweza kumpa mtahiniwa hadi 9. Karatasi ya msingi humpa hadi 5 tu. Akijibu kila swali sawasawa, bila kosa hata moja, atapata 5. Mtoto ambaye lengo lake ni 4 kwa kawaida huwekwa katika kundi linalosomeshwa karatasi ya msingi, na akishakaa humo mwaka mmoja na nusu hajafundishwa yale yanayoulizwa katika karatasi ya juu, kwa hiyo kumhamisha inakuwa kumwonea. Kila hatua ina busara yake. Hakuna anayefunga mlango. Kila mmoja anapita tu, naye huurudisha kidogo nyuma yake.

Msichana alipata 5.

Mamake alikuja shuleni na mkebe wa mahamri, akanishika mkono kwa mikono miwili, akasema Mungu akulipe, walisema atapata nne. Nilikula mahamri yale nikiwa ndani ya gari, mawili, yaliyobaki nikayaacha chumba cha walimu. Binti alitaka kuendelea na hisabati baada ya hapo, na shule nyingi huomba 6 au 7 kwa anayetaka kuendelea. Akachukua masomo mengine. Nilivyosikia mara ya mwisho anaendelea vizuri, na sisemi hili ili kujipa nafuu. Kwenda vizuri katika njia ya pili hakusemi kitu kuhusu njia ya kwanza.

Katika takwimu zangu huyo ni ushindi. Lengo 4, tokeo 5, alama ya kijani. Lakini mwanahisabati anajua kwamba kipimo kinapogonga mwisho wake, kilichosomwa ni urefu wa kipimo. Ukimpima mtu kwa rula ya sentimita 30, naye akapata 30, hujapata urefu wa mtu. Mewtwo wa ngazi ya 40 angalau alikuwa na bahati kwamba siku moja dari ilipandishwa akaonekana ana 4724. Msichana wangu ana 5, na hakuna toleo jipya litakalotoka mwezi Novemba.

Yupo atakayenikumbusha John Rawls, ambaye mwaka 1971 katika A Theory of Justice alisema kwamba hakuna anayestahili, kimaadili, mahali alipoangukia katika mgawanyo wa vipaji vya kuzaliwa, na kwamba kwa hiyo jamii haipaswi kujengwa kana kwamba mgawanyo huo ni stahili. Nakubali. Kiswahili kina neno majaliwa, nalo lina unyenyekevu ambao neno kipaji halina, aliyejaaliwa hajisifu. Lakini nikiwa mkweli, tatizo langu halikuwa hilo. Rawls anachukulia kwamba mgawanyo umekwisha kufanyika na swali ni tufanye nini nao. Mimi sikujua mgawanyo wake ulikuwa upi. Nilikuwa na kisanduku kitupu, nikakijaza, na baada ya hapo nikakisoma kama nilichokikuta.

Nilimsimulia mpwa wangu kisa hiki, bila jina, tukiwa tunamtafuta Magikarp kando ya mfereji. Magikarp ni samaki wa kuchekesha ambaye upeo wake katika ngazi ya 40 ni 274, na ambaye ukimkusanyia peremende 400 hugeuka kuwa joka la baharini, Gyarados, wa 3391. Alinisikiliza huku macho yakiwa kwenye simu. Kisha akauliza swali la mchezaji: je, yule dada alikuwa na 10 au 15?

Nikasema sijui.

"Basi ungemweka juu," alisema, "ukaona."

Nilimweleza kwamba karatasi ya juu ina hatari yake, kwamba mtoto asiye tayari anaweza kutoka bila alama kabisa, kwamba nina wajibu wa kumlinda asianguke. Yote hayo ni kweli, na ningeyasema tena mbele ya mzazi yeyote. Lakini nilipokuwa nikiyasema niliona kwamba hatari nilizozihesabu zote ni za upande mmoja. Akianguka kutoka juu, kuna karatasi yenye jina langu. Akikwama chini ya dari, hakuna karatasi, kwa kuwa kilichopotea hakikuwahi kuandikwa popote. Na mimi, ambaye ningeweza kumuuliza kwa Kiswahili, nilikuwa mtu pekee katika jengo lile aliyekuwa na njia ya kukiona.

Mpwa wangu sasa ameacha kuwahamisha wote. Si kwa huruma. Amejua tu kwamba wenye shambulio dogo huenda wakahitajika kwenye mashindano ya 1500, na simu yake imejaa. Analalamika kila siku kwamba nafasi haitoshi.

Mwaka huu nina wapya watatu: mmoja kutoka Kisangani, anayezungumza Kiswahili ambacho mimi na yeye tunakicheka kwa zamu, na wawili kutoka Muscat, ndugu. Safu zao ni tupu. Ofisi inazitaka namba kufikia Ijumaa. Leo ni Jumatano, nami nimewaambia waje saa ya chakula cha mchana na chakula chao, mmoja mmoja, na wasilete kikokotoo.